Barafu Ilivyomshika Dereva Wetu wa Maziwa

Nyinyi mabinti mliorithi mikebe yetu hapa Hadado, na nyinyi vijana mnaoendesha magari ya njia hii, mmeniuliza mara nyingi nilivyofanya kazi ya maziwa hadi nywele zikawa nyeupe. Magoti ndiyo yaliyoniachisha. Sasa nakaa kitako nasimulia, na mjukuu wangu anaandika. Kiswahili changu nilikiokota sokoni, Wajir na Garissa, kwa polisi na makarani na wanunuzi kutoka bara, na mpaka leo nikitaka kusema "pole pole" inatoka "bole bole". Mjukuu ameninyooshea. Penye kombo alipopasahau, cheka kidogo kisha uendelee kusoma.

Jina langu ni Dahabo. Kazi yangu ilikuwa kukusanya maziwa ya ngamia kutoka kwa wachungaji wa huku na kuyafikisha Wajir mjini kabla hayajachacha. Ukiisikia ni kazi nyepesi. Basi subiri.

Aliyenifundisha ni mwanamke tuliyemwita Ayeeyo Shamsa. Ayeeyo kwetu ni nyanya. Siku zile maziwa yalibebwa katika vyombo vilivyosukwa kwa nyuzi za mizizi, na chombo kilikuwa hakitiwi maziwa kabla ya kufukizwa. Unachoma kijiti kigumu, unakitia ndani kikiwa chekundu, unazungusha, unafunika, moshi unashika kuta. Ndio unaoua uchafu na kuyapa maziwa ile ladha ambayo watu wa mjini huililia. Mimi nikaona kama moshi kidogo ni mzuri, moshi mwingi utakuwa mzuri zaidi. Nikakijaza chombo vijiti, nikafunika, nikaenda kupiga gumzo. Niliporudi, Ayeeyo Shamsa alikuwa amekiinua chombo mbele ya uso wake. Kitako chote kilikuwa kimeungua. Akanitazama kupitia lile tundu.

"Dahabo," akasema, "nakuona vizuri sana."

Wanawake walicheka mpaka wakaketi chini. Kwa mwaka mzima waliniita Tundu. Lakini tangu siku hiyo najua: kijiti kiwe chekundu, kisiwe na mwali, zungusha, toa, funika, kisha nusa. Ukikohoa, umezidisha.

Akanifundisha pia kutochanganya maziwa kabla ya kuyapima. Maziwa ya kila mchungaji unayachota kijiko, unakishika juu ya moto. Yakiganda, hayaingii pamoja na ya wenzake, hata kama mchungaji huyo ni baba mkwe wako. Nyinyi leo mna mikebe ya alumini, mna matone ya kupimia, mna tangi la baridi pale Wajir linaloendeshwa kwa jua. Nawaonea wivu. Lakini pua mlizaliwa nazo, msiziache nyumbani.

Jambo ambalo Ayeeyo Shamsa hakunifundisha, kwa kuwa yeye alizoea msafara wa punda, ni kwamba magari yalipokuja nusu ya kazi yetu ilihamia mikononi mwa dereva. Unaweza kufukiza vizuri, ukapima vizuri, ukafunga gunia lenye maji juu ya madumu ili yapoe, na dereva akichelewa, jua linakunywa kazi yako yote. Dereva wetu alikuwa Yusuf. Nataka kuwasimulia habari zake, naye ameniruhusu. Alisema nisipunguze.

Yusuf ni mtoto wa dada yangu. Dada alifariki Yusuf akiwa mdogo, nikamlea mimi, ndiyo maana mpaka leo ananiita habaryar, mama mdogo. Alikuwa na mkono wa gari tangu ujana. Ile Land Cruiser yetu kuukuu ilikuwa na tabia mbaya kuliko ngamia dume, lakini kwake ilitulia. Alijua ni laga gani, yaani mto mkavu, inapitika baada ya mvua na ipi inajifanya kavu huku chini ni tope. Akiona mawingu upande wa Bute alikuwa anajua kesho tupite wapi. Mkewe, Deqa, alizaliwa huko Bute. Alikuja Hadado kuolewa, akaingia kundi letu la maziwa. Ni mwanamke wa maneno machache. Nilipomwona mara ya kwanza nilidhani ana kiburi. Kumbe alikuwa anasikiliza.

Ukame ulipokuja na ngamia wakahamishwa mbali, maziwa yalipungua, na Yusuf akaanza kuchukua kazi nyingine mchana, kuendesha lori la bidhaa kutoka El Wak. Asubuhi maziwa, kisha El Wak, kisha arudi. Madereva wa njia ile wanakesha. Miraa wameizoea, lakini miraa ina mwisho wake. Mmoja wao akampa vipande vidogo vinavyong'aa kama kioo kilichopondwa, vya kuvuta kwa moshi. Wao waliviita barafu. Jina lake la hospitalini ni meth. Yusuf ameniambia kwamba mara ya kwanza alijihisi kama mtu aliyeondolewa mzigo ambao hakujua ameubeba. Hakusikia njaa wala usingizi, na barabara yote ilionekana fupi.

Hapa sikilizeni vizuri, maana hapa ndipo watu wengi hupotea. Mwanzoni hatukuona ugonjwa. Tuliona bidii. Alikuwa anafika kabla ya wachungaji. Aliosha gari, akaliosha tena. Alifungua redio akaisafisha ndani, waya mmoja mmoja, akairudishia. Tukamsifu. Wanawake waliniambia, Dahabo, umelea mwanamume. Nami nikavimba kichwa.

Kisha akakonda. Mashavu yaliingia ndani, meno yakaanza kuharibika, akawa anajikuna mikono mpaka vidonda. Ukimwita anageuka haraka kama mtu aliyepigwa. Deqa alianza kuja kazini akiwa amechoka, na nilipomuuliza alisema mtoto wao haumwi ila Yusuf halali. Baadaye ndipo nilipojua kwamba Yusuf alikuwa ameanza kufunga mlango wa nyumba kwa kufuli, Deqa na mtoto wakiwa ndani, kwa kuwa aliamini kuna watu wanawafuata wawaue. Alifanya hivyo kwa mapenzi. Hilo ndilo lililomtisha Deqa zaidi: mumewe hakuwa na hasira, alikuwa anawalinda.

Siku iliyotufungua macho ilikuwa ya jua kali. Gari liliondoka Hadado mapema limejaa. Saa za mchana wanunuzi wa Wajir wakapiga simu: gari liko wapi? Nikapanda pikipiki ya kijana wa hapa kwetu, tukaifuata njia. Tulimkuta kando ya barabara, mahali ambapo hakuna hata kichaka. Alikuwa ametandika shuka chini na kuipanga injini juu yake, kipande kwa kipande, kwa usafi kabisa. Madumu yetu yalikuwa juani, magunia yamekauka.

Nikamuuliza gari limeharibika nini. Akaniambia kwa sauti ya chini, ya upole, kwamba halijaharibika, ila polisi wameficha chombo ndani ya injini kinachowaambia alipo, na yeye anakitafuta. Akaniomba nisisimame wazi.

Nilifungua dumu la kwanza. Hakukuwa na haja ya kijiko. Tuliyamwaga yote pale pale mchangani, kazi ya wanawake wote wa Hadado ya siku ile, na Yusuf hakuinua hata kichwa. Aliendelea kupangusa boliti.

Kaka zake walimchukua. Mkubwa wao ni Ibrahim, mfugaji, mtu mzuri anayeogopa aibu kuliko simba. Walimpeleka kwenye boma la ngamia, mbali na macho ya watu, wakamfunga mnyororo mguuni, na mnyororo wakauzungusha kwenye shina la mgunga. Msiwahukumu haraka. Huku kwetu mtu akipotewa na akili, mnyororo ndio dawa ambayo kila nyumba inaijua. Wengine wamekaa kwenye mnyororo mpaka nywele zao zikabadilika rangi.

Mimi nilikwenda kwanza kwa nesi wa zahanati, Mutua, Mkamba aliyekaa kwetu miaka mingi kiasi kwamba alikuwa anakunywa chai yenye maziwa ya ngamia bila kulazimishwa. Nilimweleza yote. Hakushangaa. Aliniuliza kitu kimoja tu, kama Yusuf amekuwa akisema anataka kufa. Nikasema sijui. Akafunga zahanati, akachukua mkoba wake, tukaenda.

Yusuf alikuwa amelala mavumbini. Mnyororo ulikuwa umemla kifundo cha mguu na nzi walikuwa wameshafika. Mutua akamwosha kidonda, na alipomaliza akamwomba Ibrahim afungue kufuli.

Ibrahim alikataa. Alisema Yusuf akifunguliwa atakimbilia El Wak siku hiyo hiyo. Alisema kuna watoto hapa, kuna jina la ukoo. Kisha akanigeukia mimi.

"Habaryar, wewe ni mtu wa maziwa. Dumu moja bovu unaliachia liharibu mengine?"

"Mtu si maziwa," nikamwambia. "Maziwa yakishaharibika hayarudi. Fungua."

Hakufungua. Nami nikaketi chini pale kando ya Yusuf, kwenye mavumbi, nikavua viatu vyangu nikaviweka mbele yangu kama mtu anayehamia. Nikamwambia Ibrahim sina haraka. Maziwa ya kesho hayana gari, kwa hiyo kazi sina. Alizunguka boma, akaenda kuwatazama ngamia waliokuwa hawana tatizo lolote, akarudi akanikuta palepale. Mutua naye alikuwa ameketi. Mwishowe Ibrahim alitoa ufunguo, akanitupia mapajani, akaondoka bila kutazama nyuma.

Mutua alinieleza ukweli, na ninauweka hapa kama alivyousema, maana ndio ulionisaidia kuliko kitu kingine.

"Mama Dahabo, sina kidonge cha kuitoa hii kitu mwilini. Atalala sana, kama maiti. Muache alale. Akiamka atakula kama fisi, mpe. Halafu itakuja huzuni. Hapo ndipo hatari iko, si hapa. Siku za huzuni asikae peke yake, na kamba zote mzifiche."

Akasema tena kwamba akianza kuona vitu visivyokuwepo au akipata joto kali, tumkimbize hospitalini, na kwamba Garissa kuna kliniki ya magonjwa ya akili ambako kuna watu waliosomea mazungumzo ya namna hii. Na neno la mwisho lilikuwa gumu kulimeza: ataanguka tena, pengine si mara moja, na akianguka tusiseme kazi yote ilikuwa bure.

Tulimleta nyumbani kwangu. Alilala, akala, na huzuni ikaja vilevile kama Mutua alivyosema. Aligeukia ukuta. Hakutaka kuoga wala kuswali wala kumwona mtoto wake. Sheikh wa msikiti wetu alikuja kila alasiri akaketi naye akimsomea Qurani, na alipoulizwa na watu kama ni jini, alijibu kwamba yeye anasoma na nesi anatibu, na Mungu anawasikia wote wawili. Wanawake wa kundi tuligawana zamu. Wale wale ambao maziwa yao yalimwagwa mchangani walikuja kukaa naye, wakileta sufuria zao, wakiongea mambo ya ndoa na mbuzi kama vile yeye hayupo. Alikuja kuniambia baadaye kwamba yale maongezi ya mbuzi ndiyo yaliyomshika. Alikuwa anataka kujua yule mbuzi aliyepotea alipatikana au la.

Wakati huo kazi yetu ilikuwa inakufa. Madereva tuliowakodi walikuja walipotaka. Mmoja alituacha tumepanga madumu njiani akaenda kubeba abiria wa arusi. Wanunuzi wa Wajir wakaanza kuagiza kwingine. Tukaketi kikao chumbani kwangu, Yusuf akiwa pale pembeni na uso ukutani, na wengi walikuwa wanasema tuuze gari, kila mtu ashike njia yake.

Ndipo Deqa akasema, "Nitaendesha mimi."

Mmoja alicheka akidhani ni mzaha. Hapa Hadado hakuwahi kuonekana mwanamke akishika usukani, labda wale wa mashirika wanaopita na kofia zao. Deqa hakucheka. Akarudia. Alisema gari liko, maziwa yako, na yeye ana miguu miwili na macho mawili, kwa hiyo haoni kinachokosekana.

Mara sauti ikatoka ukutani. Ilikuwa inakwaruza kwa kutotumika.

"Hujui hata kurudi nyuma," Yusuf akasema.

Deqa akageuka akautazama mgongo wa mumewe.

"Nifundishe basi," akamwambia.

Nimeona mambo mengi katika kazi hii, lakini sijaona shule kama ile. Walikuwa wanaenda kwenye uwanda nje ya mji, penye udongo mgumu. Yusuf alikuwa bado dhaifu, kwa hiyo hakuweza kumwonyesha, ilimbidi aseme. Na ili useme kitu ambacho mikono yako imekifanya bila kufikiri maisha yako yote, lazima ukifikirie upya. Achia klachi pole pole. Sikia injini kwanza, usiitazame. Mchangani usikanyage breki, utazama. Siku ya kwanza Deqa alipanda kichuguu, gari likabaki limekaa juu yake kama kuku juu ya mayai, magurudumu hewani. Watu wote wa Hadado walikwenda kutazama. Nilimwona Yusuf ameshika tumbo, nikadhani anaumwa, nikakimbia. Alikuwa anacheka. Ilikuwa mara ya kwanza tangu aamke kutoka usingizi ule.

Wazee wa barazani walisema waliyosema. Mmoja aliapa kwamba hatapanda gari la mwanamke hata akiachwa jangwani. Mwezi ule ule mkewe alishikwa na uchungu wa kuzaa, na nani alikuwa wa kwanza kusimama mbele ya gari letu akipunga kanzu? Deqa hakumkumbusha kitu. Aliwafikisha hospitali, mama akajifungua salama, na mzee yule tangu hapo anamwita Deqa binti yangu.

Walipokwenda Garissa kwa ajili ya leseni ya Deqa, Yusuf aliingia kliniki. Akaongea na mtu aliyesomea. Aliporudi aliniambia kwamba kilichomsaidia ni kusikia habari za wengine waliokaa kiti kile kile. Alidhani ni yeye peke yake katika kaskazini yote. Hivyo ndivyo sisi tulivyo: kila nyumba inaficha wake, na kila aliyefichwa anadhani ni wa pekee duniani.

Basi wakaanza safari, Deqa usukanini, Yusuf kando yake akimwonyesha mashimo. Alijua barabara, naye Deqa alikuwa na utulivu. Kati yao wawili tulipata dereva mmoja mzuri kuliko wote niliopata kuwa nao. Wanunuzi walirudi. Wa kwanza kurudi alisema amerudi kwa sababu ya ladha ya moshi, nami kifua kikapanuka.

Sitawaficha kilichofuata, maana Yusuf alisema nisipunguze. Alianguka. Ilikuwa baada ya mazishi ya rafiki yake wa barabarani, aliyelala usukanini akapinduka na lori. Yusuf alikwenda kuzika, hakurudi. Tulisikia yuko El Wak. Alipokuja alikuja kwa miguu, kutoka alikoshushwa njiani, midomo imepasuka, na Ibrahim alishafika kwangu kabla yake akiwa na mnyororo begani.

Nilikuwa na hasira. Nawaambia kweli, dakika ile ningeweza kuufunga mnyororo ule kwa mikono yangu. Nilikumbuka maziwa mchangani, nikakumbuka zamu zote zile. Nilimwacha Yusuf amesimama jua kali, sikumwambia ingia. Deqa ndiye aliyetoka na maji. Akampa kikombe, akangoja amalize, akamwambia Ibrahim kwa adabu kabisa, "Shemeji, huo mnyororo ukafunge mlango wa zizi lako. Hapa hauna kazi." Kisha akamwambia mumewe masharti: hatashika ufunguo wa gari, hatakwenda El Wak, hata kwa mazishi, bila mtu wa nyumbani, na tamaa ikimjia aseme kwa sauti, wakati wowote, hata mbele ya wageni, asione haya. Asipoweza kujizuia, aende kwa Mutua, na arudi. Lakini nyumba yenye mtoto wake hataingia akiwa ameivuta.

Yusuf alikubali yote. Akalala kwangu mpaka alipokuwa sawa. Tulikunja mikono ya nguo tukaanza upya: usingizi, chakula, ukuta, maongezi ya mbuzi. Mara hii ilikuwa fupi zaidi. Na Ibrahim, msinifanyie mzaha, alianza kuja naye kukaa zamu. Mwanzoni hakujua la kusema. Akawa anasimulia habari za ngamia wake, mmoja mmoja, ukoo kwa ukoo. Yusuf aliniambia hiyo nayo ni dawa, angalau ya usingizi.

Haya, sasa nifike mwisho kabla mjukuu hajachoka.

Mwaka ule niliokuwa najiandaa kuacha kazi, asubuhi moja tulikuwa tunapakia. Likaja gari jipya, akashuka tajiri mmoja wa malori. Yusuf alikuwa amewahi kumwendeshea. Tajiri alimsalimu kwa heshima, akauliza habari za watoto, kisha akatoa kilichomleta. Amenunua lori jipya kwa njia ya El Wak, madereva wake ni wavulana wasiojua laga na barabara, na anamtaka Yusuf. Alisema dereva kama yeye kukaa kiti cha abiria akibebwa na mkewe ni kama kumfunga farasi kwenye mkokoteni wa punda. Hakusema kwa ubaya. Aliamini anamheshimu. Akachomoa ufunguo wa lori mfukoni, akauweka juu ya boneti ya gari letu.

Sote tuliacha kupakia. Deqa alikuwa ameshaketi usukanini. Hakuteremka, alishika usukani kwa mikono yote miwili na kutazama mbele. Nilitaka kusema kitu, nikauma ulimi. Hili halikuwa la kwangu.

Yusuf aliutazama ule ufunguo kwa muda. Kisha akauchukua, akamrudishia tajiri mkononi kwa mikono miwili, kama mnavyofanya mkimrudishia mtu mzima kitu chake.

"Dereva wa gari hili ni huyu," akasema. "Mimi namwonyesha mashimo. Na ile njia ya El Wak ina shimo moja ambalo sijajua kulikwepa."

Tajiri akacheka kidogo, akasema ofa iko palepale, akaondoka. Wanawake wakaanza kupiga vigelegele, lakini mimi niliyekuwa karibu niliona. Yusuf alifungua mlango, akaketi kiti chake cha abiria, akaingiza mikono yote miwili chini ya mapaja, akaikalia. Jasho lilikuwa linamtiririka, na jua lilikuwa bado halijapanda. Akasema kwa sauti, kama alivyoamriwa na mkewe, mbele yetu sote:

"Naitaka. Wallahi naitaka sasa hivi. Deqa, washa gari tuondoke kabla sijamwita arudi."

Deqa akawasha. Hatukuwa tumemaliza kupakia. Nikatupa dumu la mwisho nyuma, nikarukia juu ya magunia na magoti yangu haya haya, na maziwa ya siku ile, kwa jinsi alivyoendesha, yalifika Wajir yangali na povu.